Sekiro: gemu ya ninja inayokuweka kati ya baba na amana

Nianze na hukumu kabisa maana najua wengine hamsomi mpaka chini: Sekiro: Shadows Die Twice ndo gemu bora ya ninja niliyowahi kucheza, na ubora wenyewe hauko kwenye mapanga, ingawa mapanga nayo yanakata, uko kwenye suali moja tu unaloulizwa juu ya kasri la Ashina safari ikiwa imeshapita nusu, majibu mawili, chagua hili au chagua lile, na mie tangu nilijibu sijaacha kulifikiria. Nataka tuliongee hilo kwa sababu huku kwetu kila nikimsikia mtu anaitaja gemu hii anasema neno moja, "ngumu", kisha anarudi kwenye mpira. Ngumu ni kweli, vidole vitauma. Lakini kuna ugumu mwengine ndani yake ambao hauna uhusiano na vidole na huo ndo unastahili kusemwa.

Kwa asiyeijua, imetengenezwa na FromSoftware ya Japani chini ya Hidetaka Miyazaki, Activision ndo waliisambaza, ikatoka tarehe 22 Machi 2019 kwa PS4, Xbox One na kompyuta, mwaka huohuo ikabeba tuzo ya gemu bora ya mwaka kwenye The Game Awards, na ilipofika 2023 ilikuwa imeshauza zaidi ya kopi milioni 10. Si gemu mpya basi. Ni ile ambayo mtu anayo kwenye kabati, alijaribu akachapwa na bosi wa mwanzo, yani adui mkubwa wa kufunga njia, akaiacha. Na niseme mapema nitaspoili kila kitu, mpaka miisho, kwa sababu siwezi kuzungumza habari ya maamuzi bila ya kusema kilichofuata baada ya maamuzi. Unaetaka kwenda mbichi ishia hapa, ucheze, urudi.

Ni Japani ya zamani, mwisho wa zama za vita za Sengoku, nchi ya kubuni inaitwa Ashina, milima na theluji. Wewe ni Wolf, shinobi, yani ninja, mtoto aliyeokotwa kwenye uwanja wa vita katikati ya maiti. Aliyemuokota ni jibaba kubwa jina lake Owl, akamlea kama mwanawe na akamfundisha kazi ya kuua kimyakimya. Baadae Wolf akakabidhiwa kumlinda mtoto mwengine, Kuro, mrithi wa damu ya ajabu inayomzuia mtu kufa. Sasa damu kama hiyo kila mwenye tamaa anaitaka. Genichiro, mjukuu wa mkubwa wa nchi Isshin Ashina, anaitaka ili aiokoe nchi yake isimezwe na serikali ya kati, na mwanzo tu wa gemu anakunyang'anya mtoto na kukukata mkono wa kushoto. Hata ukijitahidi ukamshinda pale, mkono utaondoka tu, gemu imeshaamua.

Owl alimlea Wolf kwa kitu kinaitwa Kanuni ya Chuma. La kwanza, mzazi hapingwi, alitakalo litendeke. La pili, bwana wako anafuata baada ya mzazi, umlinde kwa roho yako na akichukuliwa umrudishe kwa gharama yoyote. La tatu ni habari ya hofu, kwamba kushindwa pambano moja si aibu lakini kisasi lazima kilipwe kwa njia yoyote ile. Utizame huo mpangilio, mzazi kwanza, bwana baadae. Pengine mchezaji wa mbali hapo haoni kitu, anaona ni mambo ya Wajapani wa kale na mapanga yao, anabonyeza mbele. Mtoto aliyekulia Chake Chake au Kikwajuni hawezi kupita hivohivo. Sie tumelelewa ndani ya radhi. Tangu udogoni unaambiwa radhi ya Mungu imo kwenye radhi ya wazazi, husafiri hujawaaga, huanzi jambo hujawaomba dua, mambo yakikuendea kombo mtu wa kwanza atakuuliza nyumbani umemuudhi nani. Kwahiyo Owl anapokariri kanuni yake ile mie sikusikia ushinobi, nilisikia sauti niliyoizoea.

Halafu kuna Kuro. Waliomuandika huyu mtoto walijua wanachofanya. Ana adabu ya mtu mzima, anazungumza taratibu, na kila mtu anayepigania damu yake yeye anachotaka ni kuikata kabisa, asimpe mtu yeyote uhai wa milele, kwa sababu ameona unavyowaharibu watu. Kuna wakati unampelekea mchele mzuri ulioupata hekaluni, na yeye badala ya kula anakaa anakutengenezea wewe vitumbua vyao vile vya mchele mtamu, anakupa kwa furaha, na ukila anataka kujua vimetoka vipi. Haina faida kubwa kwenye mapambano, ni kitu kidogo unachokitia mfukoni. Ila mtu akishakupikia kwa mikono yake si kazi rahisi tena kumfanya kitu. Wameiweka pale kwa makusudi, na wameiweka kabla.

Basi unazunguka, unatafuta vitu vya kumsaidia Kuro kukata ile damu, upanga mwekundu unaoweza kuwaua wasiokufa, jiwe, ua, unarudi kasrini, kasri limeshavamiwa, watu wa serikali wamejaa, unapanda mpaka juu pale ulipopigana na Genichiro, na unamkuta baba. Owl uliyedhani amekufa miaka mitatu nyuma. Yuko hai, mzima, na anakukumbusha kanuni. Anakwambia umuache yule mtoto. Huyu ni mzazi wako, aliyekuokota katikati ya maiti, anakuamrisha kwa kanuni uliyoapa, na skrini inasimama na majibu mawili. Utii kanuni umtelekeze Kuro, au uvunje kanuni ubaki na Kuro.

Hakuna muziki wa kukuonyesha njia, hakuna rangi nyekundu upande mmoja na buluu upande wa pili. Gemu nyengine zenye maamuzi zinakuwekea mita, ukimsaidia bibi kizee wema unapanda, ukiiba ubaya unapanda, na mwisho unajua kabisa umo timu gani, yani ni hesabu tu. Hapa hakuna mita. Na gemu yenyewe inajisevu, yani inahifadhi ulipofikia, kila hatua juu ya sevu ileile, kwahiyo ile tabia yetu ya kuchagua hili, kuona inakuwaje, kisha kurudi nyuma kuchagua lile, haipo. Ukishasema umesema.

Mtoto wa ami yangu, kijana wa Wete, alikuwa anacheza kwangu na alipofika pale hata hakusita, akatii. Nikamuuliza mbona mbio hivo, akanambia, "Dada, baba kashasema. Mie nani?" Sikumjibu kitu, nikamuacha aendelee.

Kinachofuata ni kwamba anakuja Emma. Emma ni daktari, ndie aliyekutupia barua ulipokuwa shimoni mwanzo wa gemu, ndie anayekukuzia kibuyu chako cha dawa kila ukimpelekea mbegu, yani kila mara uliponywa kutokea mwanzo mpaka hapo mkono wake umo. Sasa amesimama mbele yako na upanga kwa sababu ameona unaelekea wapi. Unapigana nae. Unamuua. Hapo hapo anakuja Isshin mwenyewe, mzee, mgonjwa, mtu ambae alikuwa anakusaidia kwa siri amejifunika uso na kujiita tengu, yani pepo wa milimani wa hadithi za Kijapani, na huyo nae unapigana nae mpaka umuue. Ukimaliza, baba anakuja amefurahi, na mkono wako ambao umeshazoea unamchoma na yeye. Aliyemtii baba ndie aliyemuua baba. Msimulizi anasema maneno machache tu, kwamba baada ya hapo Ashina ilikaa na pepo anaezunguka anachinja watu kwa miaka, majina yanapita kwenye skrini, kwisha. Mwisho huo unaitwa Shura, yani mtu ameua mpaka amesahau anaua kwa ajili ya nini na kilichobaki ni utamu wa kuua.

Yule kijana aliweka pedi chini na kitu cha kwanza alichofanya ni kunilaumu mie, kwa nini nimemuacha. Kisha akasema si haki, yeye alifanya jambo jema, alimtii mzazi, vipi aadhibiwe. Tukabishana mpaka magharibi. Na hoja yake si ya kitoto, maana ukitazama kwa nje kweli alifanya tulichofundishwa sote. Lakini sote vilevile tulikaa chuoni tukasomeshwa kwamba hakuna kumtii kiumbe katika kumuasi Muumba, na ile nusu ya pili ya somo ndo tunayoisahau. Kuro alikuwa amana. Mtoto mdogo umekabidhiwa, amekuamini, amekulisha. Mzazi ana haki kubwa, tena kubwa sana, ila hana haki ya kukwambia uitupe amana ya roho ya mtu, na akikwambia hivo jibu lake ni hapana yenye adabu. Gemu ya Wajapani imelifikia jambo hilo kwa njia yao bila ya kutujua sie, na imelifikia vizuri zaidi kuliko mawaidha mengi, kwa sababu haikuhubirii, inakuacha utende kisha inakuonyesha mkono wako.

Kuna adhabu nyengine ndani ya mwisho ule ambayo watu wengi hawaitambui mpaka waambiwe. Ukichagua Shura gemu inakatika. Kasri la Fountainhead hulioni, joka la mbinguni hulioni, mabosi wakubwa kadhaa hukutani nao, sehemu nzima ya mwisho, nzuri kuliko zote kwa macho, inafungwa. Umelipia gemu nzima ukapewa sehemu. Wala hapaandikwi kwamba umekosa. Naona huo ni uamuzi wa kijasiri kwa watengenezaji, maana wametumia fedha na miaka kutengeneza vitu na wakakubali mtu asivione kwa sababu ya jibu moja.

Ukikataa, unapigana na Owl. Nae hapigani kwa heshima, anatupa fataki, anatupa sumu, anatupa moshi unaokuzuia usijitibu, mbinu zote chafu, na wewe unamjua kila anachofanya kwa sababu ndie aliyekufundisha. Nilipomshinda sikufurahi hata kidogo. Baadae ukifuata njia fulani unaingia kwenye kumbukumbu ya zamani ya Hirata, nyumba alikolelewa Kuro, na unagundua usiku ule uliodhani baba yako amekufa ulikuwa ni mpango wake mwenyewe. Hapo ndo nikakaa vizuri na jibu langu. Ila utambue kwamba wakati unaulizwa suali hujui hayo yote, unatakiwa ujibu kwa kile ulichonacho tu, baba mbele yako na mtoto nyuma yako.

Sasa niingie kwenye jambo la pili, ugonjwa unaoletwa na kufa kwako ndani ya gemu. Kwa kuwa damu ya Kuro imo ndani yako, ukiuawa unaweza kuinuka palepale. Raha sana mwanzoni, unaona umependelewa. Kisha ukifa mara nyingi, na utakufa mara nyingi, unaanza kupokea vitu vya ajabu mfukoni kila kimoja kina jina la mtu unaemjua, na ukimrudia yule mtu unamkuta anakohoa, kifua kimebana, hawezi kuzungumza na wewe vizuri. Kuna bibi mmoja mgonjwa kwenye kibanda nje ya kasri, anakudhania wewe ni mwanawe Inosuke, huyu ni miongoni mwa wanaopata mapema. Uhai unaouchukua kila ukiinuka hautoki hewani, unatoka kwao. Ni sawa na mtu anaekopa dukani kwa jina la jirani, yeye anaondoka na unga na mafuta, na daftari linajaa upande wa mwenziwe. Nilipoelewa hivo nilibadilika namna ya kucheza kabisa, nikawa napigana kwa uangalifu, si kwa kuogopa kupoteza pointi bali kwa kuwa bibi yule anakohoa. Sijui gemu nyengine iliyonifanya nijali kufa kwangu kwa ajili ya mtu mwengine.

Hapa lakini wamelegea. Dawa ipo, Emma anaitafuta na ukipata tone la damu unawaponyesha wote kwa mkupuo, na ugonjwa wenyewe unazuia mazungumzo yao na kazi zao lakini haumuui mtu. Ukishajua hilo hofu inapungua nusu. Ningependa wangethubutu. Kama angekufa yule bibi kweli kwa sababu mie nimekwenda kujirusha kwa bosi ovyoovyo, hata mmoja tu, ningeibeba gemu hii kwa uzito mwengine kabisa.

Anaenibakia kichwani zaidi ya wote, hata zaidi ya Owl, ni Mchongaji. Ni mzee anaekaa kwenye hekalu bovu, mkono mmoja hana, kutwa kucha anachonga sanamu za Budha na kila anayoichonga inatoka na uso wa hasira. Anajaribu uso wa utulivu hautoki. Ndie aliyekupa mkono wa bandia, ulikuwa wake. Ukimpelekea kinywaji anaanza kufunguka kidogokidogo, unajua na yeye alikuwa shinobi, aliua sana, akafika mpaka karibu ya kugeuka Shura, na Isshin ndie aliyemkata mkono ili amzuie. Yani amekatwa mkono kwa kuonewa huruma. Kisha vita vinapoiunguza Ashina unarudi hekaluni humkuti. Nje ya lango la nchi, ukitaka kwenda, maana hulazimishwi, kuna pepo la moto, mkono mmoja ni ndimi za moto mtupu, pambano refu la kuchosha, na katikati ya pambano ndo unatanabahi ni nani. Alikuwa ameishikilia ile chuki yake kwa miaka kwa kuchonga mbao. Haikutosha. Ukimuua anakushukuru.

Hiyo ndo saikolojia ya kweli, wallahi. Hakuna mtu anaekwambia "Wolf ana maumivu ya moyo", Wolf mwenyewe hata hasemi maneno kumi mfululizo. Unaonyeshwa mzee, unaonyeshwa mikono yake inavyokataa kuchonga uso wa amani, basi unaelewa kazi hii inamfanya nini mtu. Na kisha inakuja kwako. Miisho iko minne, na ule ambao wengi wataupata wakiwa wamefanya wema wa kawaida ni ule wa kuikata damu, Kuro anafariki kwa mkono wako kwa kuwa ndivo alivotaka mwenyewe, umetimiza ahadi, hukumsaliti mtu. Picha ya mwisho Wolf amekaa kwenye hekalu lilelile bovu, anachonga. Na sanamu zake nazo zina hasira. Emma anamletea ule mkono wa bandia, utamfaa mwengine siku za mbele. Nilikaa pale namtizama nikasema sasa hii ndo zawadi ya mtu mwema? Lakini nikiwaza tena naona ni ukweli. Kuchagua sawa hakufuti ulichofanya mpaka kufika hapo.

Miisho miwili iliyobaki inahitaji uchunguze, usikilize watu wanavyozungumza wakiwa hawakuoni, urudi kwa Emma, urudi kwa Kuro. Mmoja Wolf anatoa roho yake ili mtoto abaki hai kama binaadamu wa kawaida, mwengine ni wa yule mtoto wa kike wa hekalu la Senpou, aliyebaki peke yake baada ya watawa kuwafanyia majaribio wenziwe wakitafuta uhai wa milele, wanaondoka pamoja na moyo wa Kuro kuelekea magharibi. Huu wa pili ndo nnaoupenda, na sitosema zaidi.

Kuna vichaguo vidogo pia ambavyo gemu haivipigii mbiu. Mfano wa Kotaro. Ni jitu kubwa lenye akili ya kitoto, limekaa chini ya mti linalia, linataka kishada cheupe cha kuzunguka kwa upepo na linawatafuta watoto wenziwe. Wakati huohuo chini ya gereza kuna mtu anafanya majaribio na anakuomba umpelekee mtu mwenye mwili mkubwa. Hakuna anaekulazimisha. Unaweza kumdanganya Kotaro akaenda kwa miguu yake, kwa kukuamini. Au unaweza kumpeleka kwa wale watoto anaowatafuta. Zawadi ya kule gerezani si kubwa kihivo. Mtu aliyemtoa Kotaro kwa zawadi ile atajijua mwenyewe.

Kosa kubwa la gemu nnaloliona, na hapa najua mashabiki watanirukia, ni kwamba inakuonya usizoee kuua huku inakulipa kwa kuua. Kila askari unaemchoma unapata fedha na maarifa ya kununua mbinu mpya za kuchoma. Wale askari wadogo, ukijificha juu ya paa unawasikia wanazungumza, wana hofu, wana wakubwa wao wanaowalalamikia, ni watu. Kisha unawashukia na nambari inapanda. Na mwisho wa Shura hauangalii umeua wangapi, uwe umepita kwa kunyata karibu gemu nzima au umefagia kila kiumbe, suali ni lilelile moja na jibu ni lilelile. Kwangu ilitakiwa ihesabu, hata kidogo, hata Mchongaji akupokee kwa maneno tofauti ukija na damu nyingi. Wangelifanya hilo nisingekuwa na la kusema.

Ya kawaida sasa, haraka. Mapigano ni ya kukinga zaidi kuliko kupiga, panga kwa panga mpaka adui apoteze msimamo, ukilizoea lile dundo lake hutotaka mchezo mwengine wa upanga. Hakuna mahali pa kupunguza ugumu, usitafute. Sauti weka za Kijapani ni nzuri mno, lakini maandishi utayasoma kwa Kiingereza kwa sababu Kiswahili hakuna, na kijana ambae Kiingereza cha skuli hakijamkaa atapitwa na nusu ya niliyoyasema hapa, bora akae na mtu wa kumfasiria pale kwenye mazungumzo. Ni ya watu wazima, Ulaya imepewa 18 na Marekani 17, damu inaruka kweli, kwahiyo wale wenye vibanda vya gemu wasiwawekee watoto wa darasa la nne. Vibandani kwenyewe siishauri hata kwa wakubwa, unalipa kwa muda halafu muda wote unauawa na bosi mmoja, fedha inakwenda bure, na sevu yako anakuja mwengine anaiendeleza. Bei yake rasmi ilipotoka ilikuwa dola 60, lakini hushuka msimu wa punguzo, na diski ya mkono wa pili ni nafuu zaidi ukiikagua haina michubuko. Kwa kompyuta inataka nafasi ya gigabaiti 25, ishushe usiku kwa bando la usiku, kisha unacheza peke yako bila ya kuhitaji intaneti. Umeme ukikatika katikati hutopoteza kitu kikubwa kwa vile inajisevu yenyewe mara kwa mara, isipokuwa bosi utaanza nae upya.

Na kama nyumbani mnacheza zaidi ya mmoja, kila mtu afungue faili lake mwanzo kabisa, msichangie. Pale juu ya kasri lazima ajibu yule aliyekula vitumbua vya Kuro, asije mdogo wako akakubonyezea wakati umekwenda kusali.